Kipimo cha Mfalme Mdogo

Wengi wenu mwaijua hadithi ya Gulliver, mganga wa merikebu aliyevunjikiwa chombo, akaamka amefungwa kwa nyuzi na watu wasiofikia hata shubiri moja kwa urefu. Imesomwa kwa Kiswahili tangu zamani, na watoto wa shule huicheka sana. Lakini matoleo mengi yaliyofupishwa kwa ajili ya watoto yameacha kitu kimoja, nasi twaona kwamba kwa kukiacha yamepoteza nusu ya maana. Yameacha vipimo.

Mwandishi wake, Jonathan Swift, alikuwa kasisi wa Kianglikana, mkuu wa kanisa la St Patrick's mjini Dublin, nchini Irlandi. Kitabu chake kilitoka mwaka 1726. Hakutosheka kubuni watu wadogo na nchi yao ya Lilliput. Aliwapa pia vipimo vyao wenyewe, vyenye majina ya kuchekesha: drurr, glumgluff, blustrug, na kwa fedha zao sprug ya dhahabu. Mtu aweza kudhani ni mchezo tu, kama mtoto abunivyo lugha isiyo na maana. Basi na tuvitazame kimoja kimoja.

Drurr ni kipimo cha kisigino. Katika nchi ya Lilliput kuna vyama viwili, wenye visigino virefu na wenye visigino vifupi, na chuki yao ni kubwa hata hawali pamoja, hawanywi pamoja, wala hawasemezani. Mfalme anawapenda wenye visigino vifupi. Kwa hiyo kisigino chake mwenyewe ni kifupi kuliko cha mtu ye yote wa baraza lake, kwa drurr moja kamili. Nayo drurr, Swift asema, ni kama sehemu ya 14 ya inchi. Hazifiki hata milimetri 2! Mwana wa mfalme, mrithi wa kiti, hataki kumwudhi mtu, basi amevaa kisigino kimoja kirefu kidogo na kingine kifupi, naye huenda akichechemea. Kazi, vyeo na heshima vyote vyategemea milimetri zile 2.

Glumgluff ni kipimo cha kina. Kati ya Lilliput na nchi ya adui yake, Blefuscu, pana mlangobahari, na mabaharia hodari walimwambia Gulliver ya kuwa katikati, maji yakijaa, kina chake ni glumgluff 70. Sabini! Neno hilo latisha. Lakini Gulliver anageuza hesabu mara moja: ni kama futi 6 za Ulaya, yaani metri 1 na santimetri 80 hivi. Akaingia majini kwa miguu, akaogelea kidogo tu pale katikati, akarudi akizivuta merikebu 50 za vita za adui kwa kamba, kama mtu avutaye mbuzi.

Asiyeamini kwamba Swift alihesabu, na ahesabu mwenyewe. Watu wa Lilliput ni wadogo mara 12 kuliko sisi. Chukua glumgluff moja, karibu santimetri 2 na nusu, uizidishe mara 12: utapata santimetri 30 na kidogo, ndiyo futi. Chukua drurr uizidishe mara 12: utapata santimetri 2 na kidogo, karibu na inchi. Maana yake Swift hakutupa maneno ovyo. Alichukua futi na inchi za Waingereza wenzake, akazipunguza kwa kadiri ya miili midogo, akazipa jina la kigeni, kisha akamrudishia Mwingereza akimwambia: tazama, hawa ni watu wa mbali. Kumbe ni yeye mwenyewe, na kisigino ni chake.

Sasa twafika kwenye kipimo kinachotupendeza kuliko vyote, yaani blustrug. Mfalme wa Lilliput alipoandika amri ya kumfungua Gulliver minyororo, alianza kwa kujitaja majina marefu, akasema ya kuwa milki yake imeenea blustrug 5,000 hadi miisho ya dunia. Swift akaweka maneno machache tu katika mabano: duara ya maili 12 hivi. Ni kilometri 19. Mtu mwenye miguu mizima huzunguka nchi hiyo yote tangu alfajiri, na adhuhuri amekwisha fika alipoanzia. Blustrug moja, kwa hesabu hiyo, haizidi metri 4.

Mlinganishe mfalme huyu na jitu la kitabu cha pili. Katika nchi ya Brobdingnag, ambako watu ni wakubwa mara 12 kuliko sisi, mji mkuu una urefu wa glomglung 3, na upana wa 2 na nusu. Tatu tu. Lakini glomglung 3 ni maili 54 za Kiingereza, karibu kilometri 87, mji mmoja! Mfalme mdogo ana kipimo kidogo sana, ili apate idadi kubwa ya kutangaza. Mfalme mkubwa hahitaji idadi kubwa. Kila aliyenunua unga sokoni kwa kopo lililobonyezwa chini ajua hila hii: makopo yanahesabiwa mengi, na chungu hakijai. Tofauti ni kwamba mwenye kopo huficha tundu lake, lakini mfalme wa Lilliput analitangaza kwa tarumbeta.

Na jinsi Gulliver anavyopata vipimo hivyo yatupasa tuitazame pia. Katika ile amri, sharti mojawapo lasema kwamba katika muda wa miezi miwili Gulliver atapima mzunguko wa milki yote kwa hatua zake mwenyewe, akifuata pwani. Mfalme atangaza blustrug 5,000, kisha ampa mgeni kazi ya kwenda kuona kama ni kweli! Tena ampa miezi miwili kwa kazi ya nusu siku. Kwa majitu mambo yamegeuka. Ramani ya mfalme ilitandazwa chini kwa ajili ya Gulliver, ikaenea futi 100, naye akavua viatu, akatembea juu yake peku, huku na huku, akihesabu. Ni mtu yule yule na miguu ile ile. Mahali pamoja mguu wake wapima milki nzima, mahali pengine wapima karatasi. Hatujui ukurasa mwingine wa Swift uliofundisha jambo hili kwa maneno machache hivi: kwamba kipimo hakikai hewani, chatoka katika mwili wa mtu fulani, na kabla ya kuuliza ni ngapi, uliza ni mguu wa nani.

Hadi hapa tumecheka. Lakini Swift hakuandika ili tucheke tu, na ubaya wa matoleo yaliyofupishwa ni kwamba huishia hapa. Tufuate habari ya chakula.

Mfalme aliamuru Gulliver apewe kila siku chakula na kinywaji cha kutosha watu 1,728 wa Lilliput. Gulliver akamwuliza rafiki yake wa barazani, mmepataje hesabu hiyo? Akajibiwa kwamba wataalamu wa mfalme walipima urefu wake kwa chombo kile ambacho mabaharia hupimia jua, wakaona awazidi mara 12, basi kwa kuwa miili yafanana, mwili wake lazima uwe na nafasi ya miili yao 1,728, nao utataka chakula kadiri hiyo. Ni 12 mara 12 mara 12. (Matoleo mengine yamechapa 1,724; mwenye penseli atajua lipi ni kosa.)

Wataalamu wa leo wangewasahihisha kidogo. Galileo alikwisha andika mwaka 1638 ya kwamba huwezi kukuza mnyama mara kadhaa ukaacha mifupa yake kwa umbo lile lile, maana uzito waongezeka haraka kuliko unene wa mfupa. Majitu ya Brobdingnag yangevunjika miguu. Tena mwaka 1932 Max Kleiber alionyesha ya kuwa mnyama mkubwa hahitaji chakula kwa kadiri ya uzito wake wote. Tembo, kilo kwa kilo, hali kama panya. Tukitumia kanuni yake, Gulliver angetosheka na chakula cha watu kama 270. Twasema haya si kwa kumlaumu Swift. Hadithi si somo la fizika, na kanuni ya Kleiber haikuwapo wakati wake. Twasema kwa sababu ya mtu mmoja katika hadithi, Flimnap, mtunza hazina. Yeye angeipenda sana hesabu ya 270.

Maana huyo Flimnap alikuwa akihesabu. Kila asubuhi vijiji vilivyo kandokando ya mji vilitakiwa kuleta ng'ombe 6 na kondoo 40, na mikate na vinywaji. Flimnap akamwonyesha mfalme kwamba mgeni huyu amekwisha kula zaidi ya sprug milioni 1 na nusu. Na hapo kipimo kile kile cha wema kikageuka kuwa cha mauti. Baraza lilikutana kwa siri. Wengine walitaka Gulliver auawe mara moja. Mwingine, aliyejiita rafiki yake, akashauri kwa huruma kwamba atobolewe macho tu. Kisha akaongeza shauri la pili, kwa ajili ya hazina: mtunza hazina apunguze posho kidogo kidogo, mgeni adhoofike, akose hamu ya kula, na baada ya miezi michache afe. Kutobolewa macho kuliandikwa katika kitabu cha baraza. Kuuawa kwa njaa kuliachwa bila kuandikwa.

Na hesabu haikuishia hapo. Walikwisha fikiri juu ya maiti. Mtu aliyekonda kufikia nusu, harufu yake haitakuwa ya hatari sana. Raia 5,000 au 6,000 wataweza kuikata nyama na kuiondoa mifupani kwa siku 2 au 3, wakaipeleka kwa mikokoteni na kuizika mbali, na mifupa ibaki iwe ukumbusho kwa vizazi. Swift hapandishi sauti hata kidogo. Hasemi kwamba ni uovu. Anatupa idadi tu: watu wangapi, siku ngapi. Sisi twaona kwamba hapa ndipo kilele cha kitabu cha kwanza, si zile merikebu 50 ambazo huchorwa daima kwenye jalada. Hata watu wa nchi hiyo si wakatili kwa asili. Walimlisha mgeni, walimpenda, walicheza ngoma juu ya kiganja chake. Mara mtu alipokwisha kuwa 1,728, ilikuwa rahisi kumfanya awe 1,000, kisha 500, na kila mara kalamu tu ndiyo iliyofanya kazi.

Swift aliyatoa wapi mambo haya? Hatuna haja ya kwenda mbali na Dublin. Irlandi ya siku zake ilikuwa nchi iliyopimwa. Katika miaka ya 1655 na 1656 William Petty aliongoza kazi ya kuipima ardhi ya Wakatoliki walioshindwa katika vita, kwa minyororo na vitabu, ili igawiwe askari wa Cromwell na watu waliokopesha fedha za vita. Ilikuwa kazi safi, wataalamu wa ramani huisifu hata leo. Petty mwenyewe alipata ardhi kubwa upande wa Kerry. Kisha akaandika kitabu cha kufundisha kwamba mambo ya utawala yasemwe kwa hesabu, uzito na kipimo, kitabu kilichochapwa mwaka 1690 baada ya kufa kwake. Swift alikua katika nchi iliyobaki baada ya mnyororo ule kupita.

Halafu ikaja habari ya sarafu. Mwaka 1722 mtu mmoja wa Uingereza, William Wood, alipewa ruhusa ya mfalme kutengeneza fedha za shaba kwa ajili ya Irlandi, za thamani ya pauni 100,800. Bunge la Irlandi halikuulizwa. Mwaka 1724 Swift akaanza kuandika barua za kuzipinga, akijifanya muuza nguo mnyenyekevu, mtu wa kupima kitambaa kwa yadi. Watu wakazikataa sarafu, na mwaka 1725 ruhusa ikafutwa. Haki yatudai tuseme jambo moja. Isaac Newton, aliyekuwa mkuu wa kiwanda cha fedha mjini London, alizipima sarafu za Wood na kuona kwamba zatimiza masharti. Basi muuza nguo alitia chumvi aliposema habari ya shaba mbovu. Lakini shabaha yake haikukosa. Swali halikuwa uzito wa shaba peke yake. Swali lilikuwa ni nani ameshika mizani, na aliyepimiwa ameulizwa au hakuulizwa. Mwaka uliofuata Gulliver akatoka, na ndani yake mfalme ajipimiaye mwenyewe.

Wala tusimfanye Swift kuwa rafiki wa Wakatoliki wa Irlandi. Hakuwa. Aliitetea Kanisa yake iliyotawala, na sheria ngumu walizotungiwa babu zetu hao katika imani hakuzipigania zifutwe. Lakini mwaka 1729 aliandika ule ushauri wake wa kutisha, ambamo msemaji mwenye adabu nyingi anahesabu watoto wa maskini 120,000, anaweka kando 20,000 wa kuzalisha, na 100,000 anashauri wauzwe kama nyama wakifika mwaka mmoja. Mtoto akizaliwa ana ratli 12, asema, akinyonyeshwa vema atafika 28. Anayetaka kujua kwa nini Swift alihitaji kubuni drurr na sprug, na azisome kurasa hizo chache baada ya shauri la baraza la Lilliput. Sauti ni moja. Ni sauti ya mtu ambaye hesabu yake ni sawa kabisa.

Baadaye wengine walibuni vipimo kwa nia nyingine. J. R. R. Tolkien, mwandishi Mkatoliki wa Uingereza, aliwatungia watu wake wa Númenor kipimo kiitwacho ranga, yaani hatua kamili ya mtu, karibu inchi 38, kwa kuwa watu hao walikuwa warefu kuliko sisi. Ranga 5,000 zafanya lár moja, karibu maili 3. Habari hizo zilichapwa mwaka 1980, baada ya kufa kwake, katika kitabu kilichotayarishwa na mwanawe Christopher. Neno lár maana yake ni pumziko, kwa sababu jeshi likitembea umbali huo lilikuwa na desturi ya kusimama kidogo. Ni kipimo kizuri, cha mtu aliyepata kuwa askari na kujua miguu inavyouma. Lakini hakimdhuru mtu, wala hakimhukumu. Twakipenda, nasi twakumbuka kwamba ni cha jeshi lililo huru kupumzika.

Kitabu cha tatu cha Swift, cha kisiwa kirukacho angani, wengi wamekiona kimepoa, nasi twakubaliana nao. Twadhani sababu imo katika vipimo vyenyewe. Humo namba ni nyingi, upana wa kisiwa na unene wake. Mshonaji anampima Gulliver urefu kwa chombo kile kile cha mabaharia, kisha kwa rula na bikari, na baada ya siku 6 analeta nguo zilizoharibika, maana alikosea tarakimu moja. Twacheka, tunageuza ukurasa. Kule Lilliput chombo hicho kilipima sawasawa, na mtu alikuwa karibu kufa. Hapa kimepima vibaya, na ni koti tu lililopotea.

Katika vitabu viwili vya kwanza hakuna kinachopotea. Gulliver alitoroka Lilliput kupitia Blefuscu, akachukua ng'ombe na kondoo hai wa nchi ile mfukoni mwake. Nahodha aliyemwokoa alimdhani ana wazimu mpaka alipowatoa. Akawalisha majani pale Greenwich, akawaonyesha wakubwa kwa malipo, akapata faida kubwa, na kabla ya safari ya pili akawauza kwa pauni 600. Kitabu cha pili chaanza, naye aangukia mikononi mwa mkulima wa Brobdingnag. Mkulima amtia sandukuni, ampeleka sokoni, kisha mji mkuu, amwonyesha watu kwa malipo mara 10 kwa siku, mpaka Gulliver akawa mifupa mitupu. Mkulima akamtazama, akaona hatamaliza mwezi, akamwuza kwa malkia. Alipewa vipande 1,000 vya dhahabu. Kila kipande kilikuwa kikubwa kama sarafu 800 za dhahabu za Ulaya. Hata hapo Gulliver, amesimama juu ya meza, anageuza hesabu kwa kadiri ya ukubwa wa nchi ile, na aona kwamba bei yake haikufika hata gini 1,000 za Kiingereza.